Kuuza Dhahabu Iliyo Chini ya Ardhi

Ndugu msomaji, makala haya nayaandika ili kusahihisha jawabu moja nililolitoa kwa haraka. Lau jawabu lile lingalinidhuru mimi peke yangu, ningalitubu nikanyamaza. Walakini lilimdhuru mtu mwingine, na swali lenyewe ni la kila siku, hata katika nyumba zetu za pwani ambazo hazijapata kuona shimo la dhahabu.

Mambo yalikuwa hivi. Miaka michache iliyopita nilisafiri kutoka Tanga kwenda Musoma kwa arusi ya binti ya ndugu yangu. Siku ya pili, baada ya sala ya Alasiri, nilikuwa nimekaa barazani nikitazama ziwa, akaja kijana mmoja katika jamaa zetu. Akaniamkia, akakaa kitako, kisha akasema: "Maalim, nina swali la biashara. Nataka kujua kama ni halali."

Kijana huyu na wenziwe wanne walikuwa wakichimba duara huko Buhemba, katika wilaya ya Butiama. Duara, kwa asiyejua, ni shimo la wachimbaji wadogo. Wenye kutia fedha huwalisha wachimbaji, hununua magogo ya kuzuia kuta zisianguke, hukodi pampu ya kutoa maji. Na mawe yakitoka hugawanywa kwa mafungu kama walivyopatana, mwenye leseni ana lake, wenye duara wana lao, na wachimbaji wana lao. Yeye alikuwa na fungu moja katika matano ya wenye duara. Alikuwa ametia fedha zake kwa muda wa miezi minane, na dhahabu iliyotoka haikulipa hata chakula. Wakati huo huo duara la jirani likatoa mawe mazuri, na habari ikaenea mpaka Bunda. Mtu mmoja wa huko, mvuvi na muuza dagaa, akaja akitaka kulinunua fungu la kijana wetu, kwa bei iliyozidi fedha zote alizokuwa ametia.

Nikamwuliza: "Je, wajua kwamba duara lenu halina kitu?"

Akajibu: "Sijui, Maalim. Wenzangu wasema mshipa wa dhahabu umepotea. Mimi sijashuka chini, hii wiki ya tatu."

"Na mnunuzi amekuuliza?"

"Hakuuliza. Yeye ameona la jirani."

Basi nikamwambia: "Hukusema uwongo. Mnunuzi ana macho yake. Uza."

Akauza. Duara halikutoa kitu, maji ya masika yakalijaa, likaachwa. Mwaka uliofuata safari ilinipeleka Bunda, na jamaa wakanichukua mwaloni kununua samaki. Hapo nikaonyeshwa mtu mzima akivuta nyavu za mwenziwe kwa ujira wa siku. Nikaambiwa kwamba ndiye yule aliyenunua fungu la Buhemba, na kwamba fedha alizonunulia zilikuwa bei ya mtumbwi wake na nyavu zake.

Tangu siku hiyo nimekuwa nikijiuliza: kosa lilikuwa wapi? Hakuna aliyesema uwongo. Bei ilikuwa ya kuridhiana, na shahidi walikuwapo. Na kama hapakuwa na kosa, mbona moyo wangu haukutulia?

Ili kuliona vizuri jambo hili dogo, nimelitazama katika jambo kubwa la namna hiyo hiyo, ambalo tarikhi imekwisha kulihukumu. Kusini mwa bara letu hili, katika nchi iliyokuwa ikiitwa Transvaal na ambayo leo ni sehemu ya Afrika Kusini, uko mji mdogo uitwao Barberton, katika bonde la De Kaap. Mji huo ulianzishwa mwaka 1884, baada ya watu wa jamaa ya Barber kuona dhahabu katika miamba yake. Mwaka uliofuata, 1885, mtu mmoja jina lake Edwin Bray akavumbua mwamba wenye dhahabu nyingi sana, na mgodi wake ukaitwa Sheba, jina la nchi ya Malkia Bilkisi. Habari zikafika Cape, zikafika London, na katika muda mfupi bonde lililokuwa kimya likajaa maelfu ya watu, maduka na vilabu vya ulevi.

Walakini si wote waliokwenda kuchimba. Wengi walikwenda kuuza na kununua karatasi. Mtu akipata kipande cha mlima karibu na Sheba, alisajili kampuni, akaigawa katika maelfu ya hisa, akachapisha tangazo lenye maneno matamu, kisha akaziuza hisa hizo kwa watu wasiopata kukanyaga Afrika. Aliyenunua leo hakungoja dhahabu itoke. Aliuza kesho kwa bei kubwa zaidi, na wa kesho akauza kesho kutwa. Biashara hiyo ikawa kubwa hata ikajengewa jumba lake, Soko la Hisa la De Kaap, katika mwaka 1887.

Soko hilo halikudumu. Watu wa mbali walipoanza kuuliza dhahabu iko wapi, ikadhihirika kwamba kampuni nyingi hazikuwa na kitu ila kipande cha mlima na jina zuri. Bei zikaanguka. Na kwa kuwa mwaka 1886 dhahabu nyingi ilikwisha kuvumbuliwa huko Witwatersrand, madalali na wachimbaji wakafunga mizigo wakahamia Johannesburg, ambako soko jingine la hisa lilianzishwa mwezi wa Novemba 1887. Barberton ikabaki na karatasi. Uso wa jumba lile la soko ungali umesimama mpaka leo, ukuta wa mbele tu, kama kumbukumbu ya mambo ya kale. Na mgodi wa Sheba, ambao ulikuwa na dhahabu ya kweli, uliendelea kuchimbwa kwa zaidi ya miaka mia baada ya soko kufa.

Hapa, ndugu msomaji, pana jambo la kuzingatia. Mlima ulibaki vile vile ulivyokuwa, na dhahabu yake ndani. Kilichopotea ni mtu wa kununua baadaye. Basi wale waliopata hasara walikuwa wamenunua nini hasa? Hawakununua dhahabu. Walinunua tumaini kwamba atatokea mwingine mwenye kujua machache kuliko wao.

Tusiseme kwamba haya ni mambo ya Wazungu peke yao. Mababu zetu wa pwani nao walifanya biashara ya mali isiyoonekana. Katika karne ile ile, wafanya biashara wa Unguja, na mashuhuri kati yao Taria Topan, walitoa bidhaa kwa mkopo kwa wenye misafara, akiwamo Hamed bin Muhammed el-Murjebi, aliyejulikana kwa jina la Tippu Tip. Nguo na shanga zilitoka leo, na malipo yalikuwa pembe za ndovu ambazo wakati huo zilikuwa bado Manyema, nyingine zingali katika vichwa vya ndovu. Katika biashara hiyo mwenye mali alimjua aliyempa, alimwita kwa jina lake na jina la baba yake, na msafara ukipotea habari zilimrudia yeye. Hilo ni jema lake. Walakini daftari liliandika ratili za pembe na idadi ya majora, halikuandika vijiji vilivyochomwa wala watu waliotekwa njiani. Mwenye kukaa Unguja akihesabu faida aliweza kusema kwamba mkono wake ni safi. Tarikhi haikumkubalia.

Ama tukirudi katika mafunzo ya dini yetu, twaona kwamba ushirika wenyewe si haramu hata kidogo. Mtume wetu (s.a.w.), kabla ya kupewa utume, alisafiri mpaka Shamu na mali ya Bibi Khadija, mmoja akitoa mali na mwingine akitoa kazi na uaminifu. Katika ushirika wa namna hiyo hakuna ajuaye kama faida itapatikana. Dau laweza kuzama, na bidhaa zaweza kuoza. Basi kutojua yatakayokuja si kosa, kwani ghaibu ni ya Mwenyezi Mungu, na mkulima atiaye mbegu naye hajui.

Lakini Mtume huyo huyo alikataza mtu kuuza asichokuwa nacho, na akakataza biashara ya gharar, yaani biashara ya kizani ambayo mnunuzi hajui anunua nini. Akakataza pia matunda kuuzwa mtini kabla hayajaanza kuiva, na sababu aliyoitaja ni nzito: ikiwa Mwenyezi Mungu atayazuia matunda yale yasipatikane, kwa haki gani muuzaji ataichukua mali ya nduguye? Tazama vizuri. Katazo hili halikuja kwa sababu muuzaji ni mwongo. Huenda alikuwa mkweli kabisa. Limekuja kwa sababu fedha imekwisha pita mkono na badala yake haijakuwapo.

Hapo mtu atasema: "Basi dhahabu haichimbwi kamwe! Nani atatia fedha katika shimo ikiwa lazima kwanza aione dhahabu?" Swali hili ni la haki, wala si la kulidharau. Mkoa wa Mara wenyewe ni shahidi. Huko Kilimafeza, mahali ambapo leo pamo ndani ya hifadhi ya Serengeti, dhahabu ilichimbwa tangu wakati wa Wajerumani, kabla ya vita vya 1914. Migodi ya Buhemba na Kiabakari ilichimbwa wakati wa Mwingereza, na wa Kiabakari ukafungwa katika miaka ya 1960. Leo wachimbaji wadogo wako Buhemba, wako Kinyambwiga katika wilaya ya Bunda, na nyumba nyingi za matofali katika vijiji hivyo zimejengwa kwa fedha ya mawe. Asingalikuwapo mtu wa kuthubutu, yote hayo yasingalikuwapo.

Na kuthubutu kwa haki kuna mfano wake. Huko Johannesburg, mwaka 1889, bei za hisa zilianguka vibaya kwa sababu migodi ilipofika chini zaidi, mawe yake hayakutoa dhahabu vizuri kwa njia ya zebaki iliyokuwa ikitumiwa. Dhahabu ilikuwamo, ila haikutoka. Kisha, kuanzia mwaka 1890, ikatumika njia ya sianidi, na kazi ikaendelea. Waliobaki na migodi yao wakatafuta maarifa, walipata hasara kwanza na faida baadaye. Hao walishirikiana na mlima, kwa heri yake na kwa shari yake. Hatuwezi kuwaweka safu moja na yule aliyeuza karatasi asubuhi ili akimbie jioni.

Basi mimi naona kwamba mauzo ya kitu kisichoonekana yana hali tatu, na makosa yetu hutokea kwa kuzichanganya.

Hali ya kwanza ni kwamba muuzaji na mnunuzi wajua sawasawa, hata kama wanachokijua ni kidogo. Wameshuka wote shimoni, wameona mwamba, wamesikia habari za wachimbaji, na yaliyobaki hayajulikani kwa yeyote ila Mwenyezi Mungu. Hapa wakiuziana kwa kuridhiana, aliyepata amepata na aliyekosa amekosa, wala hapana mwenye kumdai mwenziwe.

Hali ya pili ni kwamba muuzaji anajua kombo, na mnunuzi hajui. Hii haina mjadala. Twajua kisa cha Mtume (s.a.w.) alipopita sokoni penye rundo la nafaka. Akatia mkono wake ndani, vidole vikagusa rutuba, na mwenyewe akatoa udhuru kwamba ni mvua iliyoinyea. Mtume akamwuliza kwa nini hakuiweka nafaka iliyorowa juu watu wapate kuiona, na akabainisha kwamba mwenye kughushi hana nafasi pamoja naye. Angalia kwamba mtu yule hakusema neno lolote la uwongo. Kosa lake ni mpango wa rundo, kavu juu na mbichi chini.

Hali ya tatu ndiyo iliyonipotosha mimi, na ndiyo iliyoupoteza mji wa Barberton. Ni hali ambayo muuzaji hajui, na hataki kujua. Huacha kushuka shimoni. Husikia wenziwe wakinong'ona kwamba mshipa umepotea, naye hatafuti hakika, kwa sababu akijua itampasa kusema, na akisema bei itaanguka. Ujinga wake huwa ngao yake. Kisha huenda kwa Maalim na kusema: "Sijui." Na ni kweli kwamba hajui! Lakini ni mfano wa mtu aliyekataa kutia mkono katika rundo lake mwenyewe kwa kuogopa rutuba. Je, mtu kama huyo tutamhesabu pamoja na mkulima asiyejua mvua ya mwaka ujao? Haiwezekani. Mkulima hajui kwa sababu hana njia ya kujua. Huyu hajui kwa sababu amefumba macho, na kufumba macho ni tendo lake, kwa hiyo ni la kuhesabiwa.

Katika soko la karatasi ujinga huu hugawanywa kidogo kidogo, kila mkono na sehemu yake. Wa kwanza asema: "Mimi nilitangaza tu." Dalali asema: "Mimi nilikutanisha tu." Mnunuzi wa kwanza, alipokwisha kuuza kwa faida, asema: "Mimi niliipitisha tu." Na wa mwisho, ambaye hana wa kumpitishia, ndiye abakiye na yote. Kila mmoja akiulizwa pekee yake aonekana mwenye udhuru, na hata hivyo nyumba ya mjane imebomoka. Kizuri chajiuza, kibaya chajitembeza, wazee wetu walisema. Karatasi ambayo yapitishwa mbio kutoka mkono hadi mkono, bila mtu kutaka kukaa nayo, yatosha kututia shaka kwa mwendo wake tu.

Nchi yetu nayo imepata kulifikiri jambo hili kwa namna yake. Mwalimu Julius Nyerere, aliyezaliwa Butiama mwaka 1922 na kuzikwa hapo hapo mwaka 1999, ndiye aliyeongoza Azimio la Arusha la Februari 1967. Katika masharti ya uongozi ya Azimio hilo, kiongozi wa TANU au wa Serikali alikatazwa kuwa na hisa katika kampuni yoyote, kama alivyokatazwa kuwa na nyumba ya kupangisha. Hofu iliyokuwapo ni kwamba mtu apataye riziki kwa jasho la wasiomjua, hatimaye hawezi kuwaongoza kwa haki. Masharti hayo yalilegezwa mwaka 1991 huko Zanzibar. Mwezi wa Aprili 1998 Soko la Hisa la Dar es Salaam likaanza kazi, na leo mwalimu, muuguzi na mwenye duka aweza kununua hisa bila lawama.

Mimi sisemi kwamba hofu ya mwaka 1967 ilikuwa bure, wala sisemi kwamba soko la 1998 ni ovu. Soko lililotengenezwa vizuri hulazimisha kampuni ifungue hesabu zake, itangaze hasara kama itangazavyo faida, na imwadhibu mwenye kuficha. Hiyo ni serikali kutia mkono ndani ya rundo kwa niaba ya wanunuzi, nalo ni jambo jema. Vivyo hivyo, mwaka 2019 yalipoanza kufunguliwa masoko ya madini mikoani, la kwanza likiwa Geita, mchimbaji alipata mahali ambapo dhahabu yake hupimwa hadharani na bei yake hujulikana.

Hata hivyo sheria haiwezi kuona yote. Karibu na Musoma, huko Nyamongo katika wilaya ya Tarime, uko mgodi mkubwa wa North Mara. Kampuni iliyokuwa ikiumiliki, African Barrick Gold, hisa zake ziliingia soko la London mwaka 2010, na Dar es Salaam mwezi wa Desemba 2011. Baadaye ikaitwa Acacia. Serikali ilipozuia makinikia ya dhahabu kusafirishwa nje mwaka 2017, hisa zake zilianguka sana, na mwaka 2019 kampuni mama ikazinunua zote zilizobaki, hisa hizo zikatoka sokoni. Habari hizo za bei kila mtu aliweza kuzisoma magazetini. Lakini mwezi wa Mei 2011, watu watano waliuawa kwa risasi za polisi katika mapambano kwenye mgodi huo huo, na hakuna safu ya bei iliyo na nafasi ya kuandika jambo kama hilo. Mwenye hisa aliye mbali hupata hesabu ya wakia za dhahabu. Habari nyingine, ikiwa ataka kuzijua, yampasa aziulize mwenyewe. Daftari la Unguja la zama za pembe na safu ya bei ya leo vinafanana katika hilo.

Sasa nageukia nyumba zetu. Wewe msomaji huenda huna duara wala hisa. Lakini mama aliyetoa bangili zake za dhahabu kabatini ili mwanawe "azizalishe", amenunua kitu kisichoonekana. Mzee aliyetoa mafao yake ya ustaafu kwa kijana mwenye suti aliyemwahidi kurudishiwa maradufu, amefanya vivyo hivyo. Na yule aliyemwingiza jirani yake katika mchezo wa fedha ili yeye mwenyewe apate kutoka salama, huyo ni muuzaji wa Barberton, ijapokuwa anakaa Makorora au Mji wa Kale.

Kwa nafsi yangu nimejiwekea maswali mawili, nami nawapa wenzangu wayapime. Anunuaye na ajiulize: lau soko lingefungwa kesho, na nisipate mtu wa kumwuzia, je, ningeridhika kukaa na kitu hiki na kungojea matunda yake? Akiona kwamba hangeridhika, basi ajue kwamba hakununua kitu, amenunua mtu atakayekuja. Na auzaye na ajiulize: je, nimeyatafuta yale ambayo yawezekana kuyajua, na nimemwambia mnunuzi? Akiona kwamba ameogopa kuyatafuta, basi asingoje mnunuzi aulize.

Limebaki swali langu mimi. Sikuuza, wala sikununua. Nilitoa jawabu tu. Nilijipa udhuru huo kwa muda mrefu, mpaka nikakumbuka kisa alichokitaja Imam Ghazali katika Ihya, cha sahaba Wathila bin Al-Aska'. Mtu aliuza ngamia kwa dirhamu mia tatu, na Wathila alikuwapo, hakutanabahi. Mnunuzi alipokwisha kwenda zake, Wathila akamkimbilia, akamwuliza kama amemnunua ngamia yule kwa ajili ya nyama au kwa kupanda. Alipojibiwa kwamba ni kwa kupanda, akamfahamisha kwamba unyayo wake una tundu, hataweza mwendo mrefu. Mnunuzi akarudi, na bei ikapunguzwa dirhamu mia. Muuzaji akalalamika kwamba Wathila ameiharibu biashara yake. Naye akamfahamisha kwamba amemsikia Mtume (s.a.w.) akisema kuwa si halali kwa muuzaji kuficha kombo, wala si halali kwa mwingine anayelijua kunyamaza.

Wathila hakuwa na senti moja katika ngamia yule, na hata hivyo alikimbia. Mimi nilikuwa nimekaa barazani, mvuvi yuko Bunda, simu iko mfukoni mwangu, nikasema: "Mnunuzi ana macho yake."

Kijana wetu naye hakutulia. Fedha zile alizilipia mahari, akaoa, akapata mtoto, na bado akanipigia simu usiku mmoja akiuliza: "Maalim, ile biashara ya Buhemba, una hakika?" Nikamwambia sina hakika, nilikosea. Nikamweleza kwamba sheria yetu humpa mnunuzi hiari ya kurudisha kitu kwa sababu ya kombo lililofichwa, na kwamba ingawa hapana tena duara la kurudisha, haki ya mvuvi haikufukiwa na maji ya masika.

Akanyamaza kidogo, kisha akasema: "Maalim, fedha hizo sina zote."

Nikamjibu: "Hata mimi sina. Lakini tupo wawili."

Basi tangu wakati huo hupeleka kidogo kidogo kila baada ya mavuno, na mimi nimetia changu, kwa kuwa jawabu lilikuwa langu. Mvuvi alipoletewa mara ya kwanza alidhani ni sadaka, akakataa kuipokea. Ilibidi aelezwe kwamba ni mali yake. Nyavu amekwisha kununua, mtumbwi bado.

Mwenyezi Mungu atujaalie kuwa miongoni mwa wenye kubainisha katika kuuza kwao na kununua kwao, na atusamehe majawabu yetu ya haraka. Amin.